Mwendo Uliooshwa

Delia Tansey alikuwa na ugonjwa mmoja tangu utotoni: hakuweza kumtazama mtu bila kumwiga. Padri akipanda mimbarini na kikohozi chake, Delia alikuwa nacho kooni kabla Misa haijaisha. Muuza samaki wa Ijumaa, mama mwenye nyumba akipanda ngazi huku anawaita watakatifu wote kwa majina, polisi wa kona anayejikuna mgongo kwa rungu, wote aliwabeba mwilini akawamwaga jikoni mbele ya sufuria ya kabichi, mpaka baba yake akaweka uma chini na kujifuta machozi. "Mwanangu wee," Mzee Malachy Tansey alimwambia, "iko siku utamwiga asiyetaka kuchekwa, na siku hiyo hutanipata mimi wa kukutetea." Maskini, hakujua anajitabiria mwenyewe.

Walikuwa wawili tu, ghorofa ya tatu, barabara ya Willis, Bronx. Mama alikwishatangulia. Mzee alikuwa bawabu wa kiwanda cha piano. Zamani alikuwa mbebaji humo humo, hadi siku kamba ilipokatika na piano ikamshukia mguu wa kushoto. Wakampa lango alinde. Mguu uliunga vibaya, ukawa mfupi kuliko mwenzake, na kila alipoukanyagia mwili mzima ulizama upande.

Lakini Malachy Tansey alikuwa na maringo yake, na mtu asikudanganye, maringo ni dawa. Hakutaka mtu amwone anazama. Akabuni ujanja: kila mguu wa kushoto ulipozama, mkono wa kulia uliinuka ukanyanyua pama kichwani, kana kwamba amemwona mtu wa kumwamkia. Basi ndivyo alivyoimaliza barabara ya Willis asubuhi na jioni, anazama na kunyanyua kofia, anazama na kunyanyua kofia. Na watu, kwa kuwa mtu akikuvulia kofia huwezi kumnyamazia, wakaitikia. "Asubuhi njema, Mzee Tansey!" "Habari za mguu, Mzee Tansey!" Mbwa walisalimiwa, nguzo za taa zilisalimiwa. Mgeni akipita alidhani huyu bwana anagombea udiwani. Delia alipokuwa mdogo alimfuata nyuma na kopo la chakula cha mchana, na alijua mwendo ule kuliko alivyojua Salamu Maria.

Miaka ile ya kabla ya vita kutufikia, Delia alipata kazi katika studio ya katuni za sinema, ghorofani juu ya duka la viatu. Katuni zenyewe hazikuwa na sauti wala rangi. Ni paka na mbwa na wazee wenye masharubu, weusi kwa weupe, wanagongana vichwa dakika chache kabla ya picha kubwa kuanza, na mpiga piano wa ukumbini anawasindikiza. Wachoraji, wote wanaume, walichora kwa penseli kwenye karatasi. Wasichana walilaza seluloidi juu ya karatasi, ile inayoonyesha kama kioo, wakaufuata mstari kwa wino. Picha ikishapigwa, seluloidi zinapelekwa kwenye beseni, zinaoshwa kwa sabuni na maji vuguvugu, zinaanikwa, kesho zinachorwa tena. Paka wa jana akawa maji machafu. Hakuna aliyeona ubaya, ndiyo kazi ilivyokuwa, na Delia ndiye aliyeanzia kwenye beseni.

Mchoraji mkuu alikuwa Otto Brandl, mtu mpole wa kutoka Vienna, kizibao chake kimejaa majivu ya tumbaku. Wiki hiyo alikuwa na mbuzi mpya aitwaye Fergus. Mbuzi ana ndevu, ana tumbo, ana pama. Alichokosa ni mwendo. Na katuni bila mwendo si kitu, ni doa la wino. Wanaume wazima walipita kati ya meza wakirusha matako huku na huku, wakitafuta mbuzi atembeeje.

"Huyo anatembea kama karani wa benki," alisema Kessel, mwenye studio. "Nani atamcheka karani wa benki? Hata mama yake hamcheki."

Delia alikuwa anapita na ndoo. Angepita zake tu! Lakini ugonjwa ni ugonjwa.

"Mimi ninao mmoja," akasema.

Akaweka ndoo chini, akachukua kofia ya Kessel kutoka kwenye msumari, akaivaa. Kisha akaenda kutoka dirishani hadi mlangoni: mguu ukazama, kofia ikanyanyuka, mguu ukazama, kofia ikanyanyuka, na macho yakawaamkia watu wasiokuwapo, kwa heshima kubwa. Jamani, watu walicheka. Mmoja alimwaga wino. Kessel alishika ukuta.

Otto peke yake hakucheka. Alikwishakaa na penseli. "Rudi tena, dada. Polepole. Mkono unaanza kabla ya mguu, au baada?"

"Pamoja," alisema Delia. "Mkono na mguu huja pamoja. Ukiuchelewesha mkono, unakuwa mlevi. Ukiuwahisha, unakuwa askari."

"Rudi."

Alirudi mchana kutwa. Na tuseme kweli, alifurahi. Msichana wa beseni, wanaume wote wamemzunguka, hakuna anayemwambia alete maji.

"Ni nani huyu?" Otto aliuliza mwishoni, akipuliza vumbi la penseli. "Mtu kama huyu hatungwi."

"Si mtu," akajibu Delia. "Nimemtunga tu."

Bronx haina jogoo wa kuwika, ndiyo maana watu hukana bila kushtuka.

Fergus alitoka, na mji ukampenda. Katika ukumbi wa sinema wa mtaani kwetu piano ilipigwa na Bi Philomena Roche, mjane mwenye vidole vinene na sikio kali kama la paka. Yeye ndiye aliyempatia mbuzi wimbo wake. Mguu ukizama, kidole kwenye sauti nzito kabisa: dum. Kofia ikinyanyuka, kidole kwenye ile nyembamba ya mwisho: ting. Dum-ting, dum-ting, ukumbi mzima ukigonga viatu sakafuni. Haikupita wiki mbili, watoto wakaitoa dum-ting nje.

Mzee Tansey hakuwahi kukanyaga sinema. Alisema sinema ni ya watu wasio na dirisha. Kwa hiyo asubuhi ile alipokuwa anakwenda langoni kwake, anazama na kunyanyua kofia, na watoto wakajipanga nyuma yake wakiimba, hakuelewa. Akawanyanyulia kofia. Wakaanguka kwa kicheko.

"Fergus! Pembe umezisahau nyumbani?"

"Meee! Habari za mkeo, Fergus?"

Bi Scully, jirani wa chini, ambaye maisha yake yote aliishi ngazini mlangoni na hakuna kilichompita, ndiye aliyemfungua macho. "Mzee Tansey, hujaenda sinema? Kuna mbuzi kule, bwana, pama yake hiyo hiyo, mguu wake huo huo. Nilimwambia mume wangu, ama huyu mbuzi ni Malachy Tansey, ama Malachy Tansey siku zote amekuwa mbuzi, na sisi hatukuambiwa!"

Jioni ile mzee alikaa mezani, akamega mkate wa magadi, hakuula. "Delia. Si ndiko unakofanya kazi wewe, kwenye katuni? Huyo mbuzi ana nini?"

"Ni mbuzi tu, baba."

"Anavaa kofia?"

"Mbuzi wote wa katuni wanavaa kofia."

Mzee alimtazama, akamimina chai, akazungumza habari za mvua.

Wahenga walisema mzaha mzaha hutumbuka usaha, na huu ulitumbuka hasa. Maana hata kiwandani walikwenda sinema. Na pale, kwa bahati mbaya, walikuwa na piano tele. Bawabu akifungua lango asubuhi, mafundi wa kukaza nyuzi walikuwa tayari, kila mmoja mbele ya piano yake, na alipopiga hatua ya kwanza uani zikalia zote kwa pamoja: dum-ting. Wakicheka, wakimpigia makofi. Hawakuwa watu wabaya, walimpenda, na hilo ndilo lililomkosesha la kusema. Ukitukanwa na adui unajibu. Ukitaniwa na mtu aliyekuchangia maziko ya mkeo unafanyaje?

Alianza kutembea mikono mfukoni. Kofia haikunyanyuka tena, na sasa kuzama kukaonekana kulivyo, kilema mtupu, na wanawake waliokuwa wakimwamkia wakaanza kumhurumia. Akawa anakwenda Misa ya alfajiri, ya watumishi na wagonjwa. Majira ya barafu yalipofika akateleza mbele ya duka la mikate, akakataa kuinuliwa. Baadaye akaacha lango. "Mguu umechoka," alimwambia Delia. Akaitundika pama kwenye msumari, akaketi dirishani, na dirisha lenyewe lilitazama ukuta.

Delia aliona yote hayo na moyo ukamuuma usiku na mchana. Alijilaumu mpaka chakula kikamkataa. Kuna kitu alichokitaka, kimoja tu: baba avae kofia yake, ashuke ngazi, aende barabarani kama zamani. Akawaza, mbuzi akinyang'anywa mwendo, watu watasahau. Na mwendo wa mbuzi aliujua ulipolala.

Maana katika studio ile mambo yalikuwa hivi. Kila seluloidi ilioshwa ila zile za mwendo wa Fergus. Hizo ziliwekwa kwenye saraka ya peke yake kabatini, pamoja na karatasi za Otto za penseli, juu yake kibandiko: USIOSHE. Kila picha mpya, mbuzi alipohitaji kutembea, walizitoa hizo hizo, wakazilaza juu ya barabara mpya, juu ya daraja jipya, juu ya paa la nyumba. Nani achore upya kitu kilichokwisha kuwa kizuri? Mwendo wote wa Malachy Tansey ulikaa humo, rundo dogo la kubeba kwa mkono mmoja.

Jumamosi mchana wenzake walishuka kununua vitafunio. Delia akafungua saraka. Akatia karatasi kwenye jiko la makaa, kisha akazitumbukiza seluloidi kwenye beseni, akasugua. Wino uliachia upesi. Kofia zilitoka, na miguu, na yale macho ya heshima, na maji yakawa meusi. Akayamwaga, akaanika seluloidi kwenye kamba pamoja na nyingine. Moyo wake ulikuwa mwepesi. Alidhani ametubu.

Kessel alipogundua alipiga kelele hadi wauza viatu wa chini wakapanda kutazama. "Nani? Nani hajui kusoma humu ndani?"

"Niliona zimechafuka, bwana," alisema Delia. "Nikadhani za kuoshwa."

Na hapo ndipo penye kuchekesha, kama una moyo wa kucheka: walimwamini. Kuosha kisichooshwa lilikuwa kosa la kila msichana wa beseni, hakuna aliyemaliza mwaka bila kumzamisha mfalme au mbwa wa mtu. Wenzake walimtania. "Delia kamuogesha mbuzi, kanyonyoka!" Kessel aliguna, akasema wangeweza kuunakili mwendo kutoka filamu za zamani, lakini picha mpya inatakiwa Ijumaa, basi.

Otto alimvuta pembeni. "Twende tena, dada Delia. Kutoka dirishani hadi mlangoni. Nitauchora kwa siku moja."

"Nimeusahau."

"Aliyeutunga anausahau?"

Delia akatazama sakafu. Otto akawasha tumbaku yake, asiulize tena. Alijaribu kuuchora kwa kukumbuka. Kofia ilinyanyuka, mguu ukazama, lakini hakuna aliyecheka, hata mwenyewe. Kessel akasema mpeni mbuzi mwendo wa kawaida, Ijumaa ni Ijumaa. Basi Fergus akatembea kama karani wa benki. Kabla ya majira ya joto Otto akapata kazi studio nyingine, akahama na kizibao chake.

Na kweli, mtaa ukasahau. Watoto wakapata mzaha mwingine. Ni Bi Roche tu aliyeendelea na dum-ting yake mbuzi alipotokea, kwa mazoea, maana kwa kawaida alimpigia mbuzi huku anamsengenya jirani wa nyumba ya pili pamoja na muuza tiketi, hakutazama hata kitambaa cha sinema. Delia alisubiri baba atoke. Kila alipofika kazini kwake aliwaza, leo nikirudi nitaikuta pama haipo msumarini.

Jumapili moja, jua zuri, hakuikuta. Mzee alikuwa amesimama katikati ya jikoni, amenyoa, kofia amekwisha kuipiga brashi.

"Vaa koti," akasema. "Unanipeleka sinema."

"Sinema, baba? Wewe?"

"Nataka kumwona huyo mbuzi."

Delia akakaa kitini bila kujijua. "Baba, achana na mbuzi. Watu wamekwishamsahau."

"Sijui wamesahau nini, hilo ndilo tatizo langu. Sikiliza, Delia. Nimekaa hapo dirishani nikiwaza. Barabara nzima imeuona mwendo wangu. Bi Scully ameuona. Mafundi wameuona. Mama yako, Mungu amrehemu, aliuona akanikubali nao. Mimi peke yangu sijauona. Nyani haoni kundule, na kioo chetu kinaishia kifuani." Akairekebisha kofia. "Maisha yangu yote ninafanya ule ujanja wa kofia, na sijui kama ulikuwa mzuri au ulikuwa upuuzi. Kama kuna mtu amekaa akauchora, basi nikautazame. Kama unachekesha, nami nitacheka. Nikiona aibu, nitaona aibu mara moja, nimalize. Nimechoka kuona aibu kwa kitu nisichokijua."

"Picha zimebadilika, baba."

"Mbuzi amekufa?"

"Hajafa."

"Basi twende, mama, tutachelewa."

Alivyomwita mama, kama alipokuwa mtoto, Delia akachukua koti. Angesema pale pale! Alikuwa na ngazi tatu za nyumba na barabara nzima ya kusemea. Lakini baba alikuwa mwenye furaha, anashika ukuta anashuka, anauliza kama watu huvua kofia ndani ya sinema au wanabaki nazo. Delia akamjibu kwamba wanavua.

Wakakaa mstari wa tatu. Mzee aliweka pama magotini. Taa zikazimwa. Mbuzi akatokea mlangoni mwa nyumba yake, akajinyoosha ndevu, watu wakapiga makofi, na Mzee Tansey akasogea mbele hadi ukingo wa kiti.

Bi Roche akaanza. Dum-ting. Dum-ting.

Na mbuzi akatembea sawasawa, mguu huu, mguu huu, kofia imetulia kichwani, kama mtu anayekwenda kulipia maji.

Dum-ting, ilisema piano. Mbuzi akavuka barabara. Dum-ting. Mbuzi akakanyaga ganda la ndizi, akaruka, watu wakacheka. Mzee hakucheka, bado alikuwa anangoja. Mbuzi akafukuzwa na mpishi, akapanda paa, akashuka, na kila alipotembea mzee aliinama zaidi, akimtazama miguu.

"Ndiye huyu?" akanong'ona.

"Ndiye."

"Basi niko wapi?"

Delia akaikunja tiketi mkononi.

"Nasikia mwendo wangu," alisema mzee. "Siuoni."

Akamgeukia Bi Roche, akautazama mgongo wake mpana ukitikisika kwenye piano. Alikaa hivyo hadi mbuzi akaisha. Picha kubwa ilipoanza akainuka, wakatoka.

Nje kulikuwa na watu wachache wanakula karanga. Mzee alisimama chini ya kibaraza cha sinema, kofia mkononi.

"Ulikuwa wewe," akasema.

"Baba..."

"Nilijua tangu siku ile uliponiambia mbuzi wote wanavaa kofia. Wewe hujui kudanganya, Delia, unajua kuiga tu. Na kuufuta, ni wewe pia?"

"Nimeuosha," alisema Delia, na machozi yakamtoka hadharani. "Nilitaka wakuache, baba. Nilitaka utembee."

Mzee alitikisa kichwa polepole. Hakuwa na hasira, afadhali angekuwa nayo. "Ungeniuliza," akasema. "Siku ya kuutoa na siku ya kuuosha. Ulikuwa wangu. Ungeniuliza."

Delia hakuwa na pa kuuweka uso. Mzee akamwacha alie, akampa leso yake. Halafu akamnyooshea pama.

"Haya. Nionyeshe wewe."

"Hapa?"

"Kwani mbuzi aliona haya? Mpaka kwa kinyozi na kurudi. Nitazame mara moja tu."

Delia akavaa kofia. Akavuta pumzi. Huyu ndiye aliyewaangusha wanaume studio nzima kwa kicheko. Huyu ndiye aliyeweza kumtoa padri na polisi na mwenye nyumba katika mlo mmoja. Akaanza. Mguu ukazama, lakini ulizama kwa uangalifu, kama anayepita kando ya mgonjwa aliyelala. Mkono ukaja, umechelewa. Akajikaza, akauwahisha, ukawahi mno. Alimwona baba yake kwa pembe ya jicho, amesimama ametoa macho, uso umejaa tumaini, na miguu ikazidi kumpotea. Alifika kwa kinyozi akarudi.

Mzee alikuwa amekwisha kutazama pembeni.

"Hapana," akasema taratibu. "Hiyo ni huruma. Mimi sikuwahi kutembea hivyo." Akaichukua kofia yake, akaivaa. "Twende nyumbani, kuna viazi."

Akatangulia. Delia akamfuata nyuma kama zamani, akimkazia macho ili aupate tena, walau akaurudishe kwa penseli ya mtu yeyote. Lakini mzee alitia mikono mfukoni. Alizama tu, hatua kwa hatua, na kofia haikunyanyuka. Bi Scully alikuwa ngazini. "Jioni njema, Mzee Tansey!" Mzee akamwitikia kwa kidevu.

Majira ya baridi yaliyofuata kifua kilimbana, na kabla ya Kwaresima hakuweza kushuka kitandani. Delia alizunguka kwenye ofisi za kukodisha filamu mji mzima, kuulizia picha za kwanza za Fergus, zile za mwendo wa zamani, japo moja, aende amwonyeshe ukutani hapo hapo chumbani. Wengine walimwona kichaa. Mmoja mwenye huruma alimweleza kwamba katuni iliyochakaa haiwekwi na mtu, filamu yake inayeyushwa kutolewa madini ya fedha. "Mbuzi wako, dada, pengine ni kijiko cha mtu sasa." Akarudi mikono mitupu. Mzee alikufa Jumanne, akiwa amemshika mkono, na wala hakumkumbusha lile neno lake la kuulizwa.

Wakamlaza sebuleni, mishumaa miwili, tumbaku na chai na kitu kikali kwa wanaume. Kwetu maiti haachwi na ukimya. Watu wanamkalia, wanamsema, wanamcheka, ili asiondoke akidhani hakuwa na watu. Barabara nzima ya Willis ilipanda ngazi zile. Mafundi wa piano walikuja, wakalia kuliko wote. Bi Roche alikuja na keki. Na mambo yalipochangamka, Bi Scully akapiga kofi.

"Delia! Mwige kidogo, mwanangu. Mtembeze mara ya mwisho, tumcheke vizuri aende zake."

"Ndiyo, Delia! Mpisheni Delia!"

Wakasogeza viti, wakamfungulia njia kutoka jenezani hadi jikoni. Mtu akamtia pama mkononi. Delia alisimama nayo. Chumba kizima kilimngoja, na Bi Roche alikwishaweka vidole mezani kama piano. Delia akarudi akakaa kitini, kofia mapajani.

"Ana majonzi, mwacheni," alisema Bi Scully. "Nitafanya mimi."

Akafanya yeye, mnene vile, akazama kulia badala ya kushoto, watu wakaangua kicheko. Akafanya fundi mmoja, mkono ukawahi, akawa askari. Akafanya mwingine, mlevi kweli kweli, mkono ukaja baada ya mguu kwa nusu chumba. Mmoja baada ya mwingine walimtembeza Malachy Tansey mbele ya jeneza lake, wakinyanyua kofia za hewa, na Bi Roche akigonga meza, dum-ting, dum-ting, na Delia aliijua kasoro ya kila mmoja wao.

"Pamoja," akasema. "Mkono na mguu huja pamoja." Lakini watu walikuwa wanacheka, na hakuna aliyemsikia.